Chale za Alhamisi

Jumapili, 8 Novemba

Mimi ni mke wa mtu! Nimeamka nikamkuta Solofo amelala ubavuni mwangu, mdomo wazi kidogo kama mtoto, nikamtazama mpaka machozi yakanitoka. Ana kovu dogo juu ya nyusi. Hata kovu lake nalipenda.

Harusi ya jana ilipita zote nilizowahi kuhudhuria. Wasemaji walibishana tangu asubuhi, methali kwa methali, wa kwao akiinama na kuomba, wa kwetu akikataa kwa madaha. Wetu alikuwa mjomba Ratovo, ambaye hajawahi kushindwa hotuba maishani mwake. Msemaji wao aliomba binti, kicheko chake, na alasiri zake za Alhamisi. Mama akaninong'oneza, "Alhamisi za nini?" Lakini wali ulikuwa unapoa, na mjomba hakutaka aonekane bahili mbele ya wageni. Akatupa shuka lake la hariri begani, akasema, "Mwanamume mzima unaomba Alhamisi! Chukueni na za Ijumaa!" Watu walicheka wakashika mbavu. Ndipo wakaleta nyonga ya kondoo, baba akaipokea, nikawa wa kwao.

Fanja, mke wa Solofo. Linasomeka vizuri.

Jumatatu, 9 Novemba

Mama mkwe ameniuliza mimi ni nani. Nikamwambia. Baada ya kula akaniuliza tena. Alasiri nzima hukaa kando ya meko kama kapu lililomwagwa, mate yakimtiririka, hata nzi hafukuzi. Solofo akaniambia, "Mzoee tu." Haja, mdogo wake Solofo, akamvisha mama yake kawa la kufunikia wali kichwani kama kofia, na sote tukacheka. Najua ni dhambi, ila ilichekesha.

Jumanne, 10 Novemba

Mvua. Anakoroma. Sijui wanawake wengine wanalalamikia nini.

Alhamisi, 12 Novemba

Siku hii nitaikumbuka mpaka kaburini.

Hapa saa hazisomwi ukutani. Mlango wa nyumba unatazama magharibi. Adhuhuri ikipita, jua linachungulia kizingitini, kisha linaingia, linafika kwenye kinu, halafu kwenye nguzo, halafu kwenye kigingi cha ndama, mwisho kwenye banda la kuku lililo ndani pembeni. "Njoo saa ya nguzo," watu husema, na mtu anakuja.

Leo Solofo hakwenda shambani. Alinikalisha mkekani, akanipaka nywele mafuta, akazichana taratibu kutoka ncha mpaka shina, bila kunivuta hata unywele mmoja. Akanilisha asali kwa vidole vyake, sega zima, na nta akaitoa mdomoni mwangu yeye mwenyewe. Akaniimbia. Nikamwambia, "Majirani watasikia." Akasema, "Wasikie, wajue nimeoa."

Ndipo baba mkwe akaingia na kichanjio.

Milima yote hii inajua kwamba kichanjio kiko katika ukoo huu, lakini wachache wamekiona. Ni pembe ya ng'ombe iliyong'aa kwa kushikwa, na mdomoni mwake kuna sindano ya shaba inayozunguka kwa uzi wa hariri ukivutwa. Nilidhani ni ya kunichanja mimi, nikajikunja. Baba mkwe akacheka.

"Usiogope, binti. Mwili huchanjwa dawa iingie. Siku nayo huchanjwa alama iingie. Tukichora kawa katika saa ya kinu, kila Alhamisi saa hiyo mvua ya mawe itakuta mpunga umefunikwa."

"Na mimi nafanya nini?"

"Unakaa kwenye jua na mumeo. Saa za bibi harusi ni mbichi. Bado hujapangiwa nafasi katika kaburi letu, mababu hawajazishika saa zako."

Jua likafika kwenye kinu, likanipanda mapajani. Solofo akanishika mikono. "Una furaha?" akaniuliza. Nikasema sijawahi kuwa na furaha kama hii tangu nizaliwe. "Basi imetosha," akasema. Baba mkwe akaiweka sindano juu ya nuru iliyokuwa sakafuni, si juu ya sakafu, juu ya nuru yenyewe, akavuta uzi. Nuru ikajikunja kama utandu wa maziwa.

Nikashtukia jua liko kwenye nguzo. Shingo iliniuma. Mkeka ulikuwa umelowa, nadhani nilimwaga maji.

Jioni wanawake wa kijiji kizima walikuja na mayai, wakapiga magoti. Mimi, binti wa muuza sabuni! Nikawaambia wainuke, nao wakakataa.

Jumanne, 17 Novemba

Tunapandikiza miche. Mgongo umekatika. Solofo yuko jaruba la juu, leo hakunitazama. Wanaume huona haya mbele ya wenzao.

Alhamisi, 19 Novemba

Nilikuwa natwanga. Jua lilikuwa karibu na kinu. Halafu liko kwenye nguzo, mchele umemwagika, kuku wamekula nusu yake, na mchi umeniangukia mguuni. Kidole gumba kimevimba kama kiazi. Sikusikia maumivu mpaka nilipokiona.

Wanawake waliokuwa mlangoni walikuwa wanacheka. "Jamani, bibi harusi amegeuka gogo!" Mmoja alikuwa amenitia ua puani. Nikacheka nao. Ukiolewa mahali lazima uzoee utani wao.

Alhamisi, 3 Desemba

Leo nimepata heshima ambayo sikuiona. Saa ya kinu mvua ya mawe ilipiga bonde la ng'ambo, ikavunja mapaa, ikaua ndama wawili. Ilipofika kwenye tuta la mpaka wetu ikasimama. Haja anasema ilikuwa kama ukuta, upande huu mvua laini na upande ule mawe kama mayai ya bata. Nilipozinduka wote walikuwa nje wanaimba. Nilikimbia kutazama, nikakuta vidonge vichache vinayeyuka kwenye mfereji wa ng'ambo.

Nililia kidogo. Ni mvua yangu, na kila mtu ameiona isipokuwa mimi.

Alhamisi, 17 Desemba

Wingu tangu asubuhi. Solofo anataka saa ya nguzo nayo ichanjwe, lakini hakuna jua. Alikuwa amenipaka mafuta tayari. Alipoona wingu halipasuki aliweka kitana chini katikati ya kichwa changu, upande mmoja umechanwa na mwingine bado, akaenda kunoa jembe.

Alhamisi, 24 Desemba

Mvua. Hakunichana.

Alhamisi, 31 Desemba

Mvua. Leo nilimuuliza kama ananipenda. Akasema, "Jua likitoka niulize."

Jumapili, 3 Januari

Nimekuwa nikipanga siku kichwani. Jumatatu haniongeleshi. Jumanne anakula bila kusema kama chumvi imezidi. Jumatano jioni anaanza kuchungulia magharibi, na Alhamisi asubuhi, mbingu ikiwa safi, anakuja na asali. Nilimwambia Haja jambo hili kwa utani tulipokuwa tunafukuza ndege kwenye miche. Haja si mtu wa maneno, na akisema lolote ujue limemchosha tumboni.

"Shemeji," akasema, "ng'ombe wa sherehe hanenepeshwi mwaka mzima."

Nikauliza ana maana gani. Akatupa donge la udongo kwa ndege.

"Saa tupu haichanjiki. Sindano inateleza. Saa ikiwa na furaha ndani ndiyo inashika alama. Mnono ndio hushika kisu. Hivi unadhani mama alizaliwa hivi? Mama alikuwa mcheshi kuliko wanawake wote wa bonde hili. Baba alimchekesha Jumatatu mpaka Jumatano, saa kwa saa, mwaka kwa mwaka. Alasiri za siku hizo zote zimefunikwa. Alipofika Alhamisi mama akaisha."

"Akaisha vipi?"

"Hakuwa na furaha nyingine. Zimebaki saa alizolia. Hizo hakuna anayezitaka, kwa hiyo ni zake."

Akainuka kufukuza ndege. Mimi niliyemcheka amevaa kawa.

Jumamosi, 9 Januari

Asubuhi mama mkwe huwa na akili zake. Nilimkuta anachambua mchele, nikaketi karibu naye nikaanza kuchambua upande wa pili wa ungo.

"Wewe ndiye wa Alhamisi," akasema.

"Ndiyo, mama."

"Anakupa asali?"

"Ndiyo."

"Mimi ilikuwa ndizi za kukaanga. Na hadithi za sungura. Baba mkwe wako alikuwa anaigiza masikio." Akaweka mikono kichwani kunionyesha masikio, kisha akaishusha kama mtu aliyeshtukia anachunguliwa. "Solofo nilimzaa Jumatatu, saa ya nguzo. Waliniambia baadaye. Wakaniletea mtoto kaoshwa, wakasema huyu wako. Nikasema haya."

Nikamshika mkono. "Mama, nifanye nini?"

"Usifurahi."

"Najaribu, lakini nampenda."

Alinitazama, macho yake makavu, na nikaona ndani yake kitu ambacho si huruma. Nadhani alikuwa ananicheka. "Mimi pia nilichelewa kujifunza kununa," akasema, akageuza ungo upande wake, akanichukulia mchele wote.

Alhamisi, 14 Januari

Jua limetoka.

Nilijiandaa tangu alfajiri. Nilimfikiria bibi yangu aliyekufa kwa kikohozi. Nilijing'ata ulimi mpaka nikaonja damu. Nilirudia moyoni: hakupendi, anakunenepesha, hakupendi. Solofo alipokuja na kitana nilikuwa nimenuna kama jiwe la kusagia.

Akaketi nyuma yangu, akaanza. "Mke wangu amekasirika leo." Nikazidi kuuma ulimi. "Mke wangu ana mdomo mrefu, kuku anaweza kutua hapo." Nikatazama ukuta. Akanipulizia shingoni, polepole, pale chini ya sikio. "Fanja. Jua limetoka. Si ulitaka kuniuliza kitu?"

Mwili wangu ni mbwa wake. Akiuita, unakwenda.

Saa ya nguzo nayo imekwenda. Sasa Alhamisi yangu inakatika kwenye kinu na kuanza tena kwenye kigingi cha ndama. Nimejikuta nimelala kifudifudi, na mtu amenifunika shuka usoni, nadhani nilikuwa naogofya watu.

Jumatano, 20 Januari

Baba mkwe amesema mezani kwamba mpunga ukianza kuzaa itabidi kushika na Ijumaa. Nilisema, "Mliomba Alhamisi." Akanijibu kwa upole sana, "Binti, sisi tuliomba Alhamisi. Ijumaa alitupa mjomba wako mwenyewe, mbele ya watu. Tungekataa, tungemvunjia heshima."

Jumapili, 24 Januari

Nimekwenda kwetu kwa miguu, nusu siku mlimani. Niliwaeleza yote. Mama alilia. Baba alitoka nje kutazama sabuni zake. Mjomba Ratovo aliitwa, akaja amevaa shuka lake zuri kana kwamba kuna hotuba.

"Unataka niende nikaseme nini?" akaniuliza. "Kwamba nilikuwa natania? Watu mia walinipigia makofi, Fanja. Msemaji hali matapishi yake."

"Mjomba, nakatwa."

"Unakatwa nini? Mikono ipo, miguu ipo. Huna hata alama. Nani ataniita tena kwenye harusi nikirudisha neno la nyonga ya kondoo?"

Nikamgeukia mama. Akafuta macho, akaingia uani, akarudi na bata amefungwa miguu. "Mpelekee baba mkwe wako," akasema. "Umwambie tunamshukuru kwa kukutunza."

Nimerudi na bata. Amenikunyia njia nzima.

Jumanne, 2 Februari

Nilimsubiri baba mkwe akiwa peke yake, anapaka kichanjio mafuta. Nikamuuliza: kama saa mbichi ni za bibi harusi, Haja akioa, huyo mpya si ndiye bibi harusi?

Akainua kichwa. Nadhani ndiyo mara ya kwanza ananiona.

"Ndiye," akasema.

"Na Ijumaa zangu?"

"Zitabaki zako. Alhamisi ulizotoa hazirudi, hilo usiniombe. Lakini Haja hana ulimi, binti. Nani atamkubali?"

Nikamwambia namjua msichana mmoja anayecheka kwa lolote.

Jumamosi, 6 Februari

Sokoni. Volo alikuwa anauza nyanya na bibi yake aliyemlea. Shule tuliketi dawati moja, Volo na mimi, na mara nyingi tulitolewa nje pamoja, yeye kwa kucheka na mimi kwa kumchekesha. Aliniona akatupa nyanya juu.

"We Fanja! Ona ulivyonona!"

"Ni asali."

"Ya nyuki au ya mume?"

"Ya wote wawili."

"Mshenzi wewe!" Akanivuta nyuma ya makapu. "Haya sema. Anakuchana nywele kweli kama watu wanavyosema?"

"Kutoka ncha mpaka shina."

"Mungu wangu. Mimi hapa nachanwa na bibi, kama anang'oa magugu." Bibi yake akasema amesikia. "Na huyo mdogo wake anayetafuta mke, yukoje?"

"Hana maneno mengi."

"Vizuri. Maneno ninayo mimi. Anapiga?"

"Hapigi. Hakuna anayepiga pale. Na kijiji kizima kitakupigia magoti, kitakuletea mayai."

Nilishangaa kwamba kila nilichosema kilikuwa kweli. Volo akanishika mashavu kwa mikono yake iliyonuka majani ya nyanya, akanitazama. "Wewe ungeniambia kama kuna ubaya."

"Ningekuambia."

Hilo moja tu lilikuwa la uongo, na lilitoka jepesi kuliko mengine.

Jumatatu, 8 Februari

Solofo amenichana nywele. Jumatatu! Anasema mimi ni mwanamke mwenye akili. Nimefurahi sana, na kwa kuwa ilikuwa asubuhi hakuna aliyechukua.

Jumamosi, 27 Februari

Harusi ya Haja. Upande wa Volo hawakuwa na msemaji, alisimama jirani mwenye kigugumizi. Walipoombwa Ijumaa, bibi yake aliuliza kwa sauti, "Za kazi gani?" na akanitazama mimi. Nilikuwa nakunywa maji. Niliendelea kunywa mpaka wakapita kwenye jambo jingine.

Alhamisi, 4 Machi

Volo ameniona leo nikiwa sipo. Nilipozinduka alikuwa ananipangusa mate, uso umempauka. "Fanja, ulikuwa macho wazi! Nilikuita!" Nikamwambia ni kifafa, tangu niolewe, kinapita. Akaniombea.

Ijumaa, 12 Machi

Wingu. Ashukuriwe Mungu, sijui kwa niaba ya nani.

Ijumaa, 19 Machi

Jua limefika kwenye banda la kuku, nje watu wanaimba, na nitaandika mpaka pale ninapokumbuka.

Mpunga umeinamisha vichwa. Tangu asubuhi milima ya magharibi ilikuwa na wingu jeusi lenye tumbo la kijani, na majirani walijazana uani. Haja alianza kumfurahisha Volo mapema. Alimpa asali kama mtu anayelambisha ng'ombe chumvi. Alimsimulia habari za fahali aliyehasiwa. Volo akaanza kumlilia bibi yake. Saa ya kinu baba mkwe akaweka sindano, ikateleza juu ya nuru kama kwenye kioo. "Saa tupu!" akafoka. "Mjinga wewe, mkeo ana wiki tatu hapa na hajui hata kutabasamu!"

Solofo akanijia mekoni. "Mke wangu," akasema. "Wewe unamjua."

Nikachukua kitana.

Niliketi nyuma ya Volo nikamchana. Nikamkumbusha yule sista wetu wa shule aliyekalia uji wa moto akaendelea kusalisha mpaka mwisho kwa sababu ya kiburi. Nikaigiza uso wake. Volo akaguna. Nikaigiza alivyotembea baadaye kuelekea altareni. Volo akaanza, kwanza mabega, kisha tumbo, kisha ile sauti yake ya punda iliyotufukuzisha darasani, mpaka kamasi zikamtoka. Akanigeukia akanikumbatia. "Ningejua ndoa ina wewe ndani," akasema, "ningeolewa zamani!"

Jua lilikuwa kwenye nguzo, limemkaa kifuani. Nilimwona baba mkwe akivuta uzi.

Kicheko kilibaki mdomoni mwa Volo, lakini nyuma yake hapakuwa na mtu. Taya likashuka. Akaniegemea mzito kama gunia, na mate yake ya kwanza yakaniangukia mkononi, ya uvuguvugu. Nje mvua ya mawe ikaanza kupiga ng'ambo.

Nilingoja nilie. Nilimlaza, nikamfunika, nikasimama nikingoja kulia. Badala yake kitu kingine kilinipanda kutoka miguuni, kama pale unapotuliwa mtungi kichwani na shingo inataka kuruka. Si mimi leo. Mimi niko hapa. Naona vumbi linavyocheza kwenye mwanga, naisikia mvua yangu ikivunja mapaa ya watu, Ijumaa hii ni yangu, na nyingine zote! Nilicheka. Nilicheka peke yangu katikati ya nyumba, mikono juu, na Solofo akaja akanishika yote miwili akatabasamu kama Alhamisi ile ya kwanza kabisa, mzuri, mzuri mno, na kovu lake juu ya nyusi.

Kisha akatazama chini. Jua lilikuwa limefika kwenye kigingi cha ndama, na mimi nilikuwa nimesimama ndani yake.

"Baba," akaita, bila kuniachia mikono. "Kichanjio bado kina moto?"

Nikamgeukia baba mkwe. "Ulisema Ijumaa zangu zitabaki zangu!"

"Nilisema, binti." Alikuwa tayari amepiga goti, anaifuta sindano kwa ukingo wa shuka. "Lakini saa kama hii mtu haiachi ikaoza."

Ningeweza kuiharibu. Volo alikuwa pale chini, mdomo wazi. Kumtazama tu kungetosha.

"Usimtazame huyo," Solofo akaninong'oneza. "Nitazame mimi."

Nikamtazama.